Udongo wa Sagalla Unakauka

Mlima Sagalla, karibu na mji wa Voi katika Kaunti ya Taita Taveta, una kiumbe asiyepatikana kwingine kokote duniani. Wenyeji humwita kilima-mrota. Ukimfukua kwa jembe utadhani ni mnyoo mkubwa, kumbe ana uti wa mgongo, taya na meno. Ni amfibia asiye na miguu, jamaa wa chura na salamanda, na wanasayansi walimtambua rasmi mwaka 2005 tu. Sasa yumo hatarini kutoweka.

Kilima-mrota anataka ardhi laini, yenye unyevu na majani yaliyooza, apate mchwa na minyoo ya kula. Msitu wa asili ulimpa yote hayo. Ulipofyekwa, sehemu kubwa ikapandwa mikaratusi, miti inayofyonza maji kwa pupa na kuacha chini yake udongo mkavu na mgumu. Penye migomba na matandazo kandokando ya vijito bado anaonekana, kwa hiyo hatuwezi kumlaumu kila mkulima. Kinachomuua ni mikaratusi, pamoja na kulima hadi ukingoni mwa maji kwenye miteremko mikali, mvua ikinyesha udongo wote ukaporomoka bondeni.

Tunachokaribia kupoteza ni cha ajabu. Utafiti uliochapishwa mwaka 2006 ulionyesha kwamba ndugu yake wa karibu, anayeishi kwenye milima jirani ya Taita, hulisha watoto wake kwa ngozi ya mwili wake mwenyewe: ngozi hunenepa na kujaa mafuta, nao huibandua kwa meno. Maisha ya huyu wa Sagalla bado hayajachunguzwa vya kutosha, na mlima wake ni mmoja tu. Hana pa kuhamia, kwani chini yake ni nyika kavu pande zote.

Mwaka 2009 aliyekuwa Waziri wa Mazingira, John Michuki, aliagiza mikaratusi ing'olewe kwenye vyanzo vya maji kote nchini. Tunaitaka serikali ya kaunti ilitekeleze agizo hilo Sagalla bila kuchelewa, ikianzia kwenye vijito. Lakini mkaratusi ni nguzo, ni kuni, ni karo ya mtoto. Anayeukata alipwe fidia, apewe bure miche ya miti ya kiasili, na apate afisa wa kilimo wa kumsaidia kutengeneza matuta. Fedha hizo ziingizwe katika bajeti ijayo ya kaunti.