Je, Nywele Ndefu ni Uasi?

Likizo iliyopita kaka yangu alirudi hapa Kwashemshi kutoka Tanga, anakofanya kazi ya gereji. Nywele zake amezisokota misokoto mirefu. Baba hakuitikia salamu yake. Alisema, "Hapa si nyumba ya wahuni," na kaka akaenda kulala kwa mjomba. Tangu siku hiyo najiuliza: je, aliyefuga nywele amewakataa wazazi wake?

Ugomvi huu si mgeni duniani. Katika mwaka 1967 maelfu ya vijana wa Marekani walikusanyika San Francisco, wakaitwa mahipi. Walifuga nywele, wakapinga vita vya Vietnam, wakasema mali na cheo si maisha. Wazee wao waliona aibu.

Kwetu nako, Oktoba 1968, Umoja wa Vijana wa TANU ulitangaza Operesheni Vijana. Kuanzia tarehe 1 Januari 1969 sketi fupi, suruali za kubana, nywele za bandia na dawa za kujichubua zikapigwa marufuku Dar es Salaam. Hata kabla ya siku hiyo kufika, wasichana walishambuliwa Kariakoo kwa sababu ya mavazi yao. Nauliza: mwasi ni yupi, aliyevaa sketi au aliyempiga mwenziwe barabarani?

Lakini vijana wenzangu, msinipigie makofi bado. Oktoba 1966 wanafunzi wa Chuo Kikuu waliandamana Dar es Salaam kupinga masharti ya Jeshi la Kujenga Taifa. Walivaa majoho yao ya heshima. Hata hivyo walikataa kuubeba mzigo pamoja na wakulima waliowasomesha. Mwalimu Nyerere aliwarudisha makwao, na mshahara wake mwenyewe akaupunguza kwa asilimia 20.

Basi, nguo nzuri yaweza kuficha uasi, na misokoto yaweza kuficha utii. Hapa shuleni sote twanyoa, nami kanuni hiyo siipingi. Lakini asubuhi ile, baada ya kufukuzwa, kaka alitoka kwa mjomba na jembe begani, akapalilia mahindi ya mama mpaka jua la utosi. Baba alipita njiani, akasimama kidogo, kisha akaenda zake. Mpaka leo hawajapatana.

Wazazi wetu, twawaomba: kabla ya kukitazama kichwa cha mtoto, itazameni mikono yake. Nasi vijana tuhakikishe kwamba mikono hiyo ina sugu.