Tusimsifu Yego kwa kukosa kocha
SAFU YA JUMA
Na Mwalimu Kayitare, Kacyiru

Kila Julius Yego anapotajwa, hakosi wa kukumbusha kwamba Mkenya huyo alijifunza kurusha mkuki kwa kutazama YouTube. Vijana wa hapa Kacyiru, Rwanda, husimulia hilo kwa fahari, na wapo wanaodai kwamba siku hizi kocha hana kazi, simu inatosha. Mimi naona ni aibu, na aibu hiyo si ya Yego.

Alikulia Nandi, ambako mtoto mwenye pumzi huambiwa akimbie. Yeye akachonga mikuki ya miti, akawa anamfuatilia kwenye video Jan Železný wa Czech. Mwaka 2011 akatwaa dhahabu ya Afrika mjini Maputo. Wasimuliaji wetu huishia hapo, kisha wanarukia Beijing. Wanaisahau Kuortane, Finland, alikopelekwa kwa ufadhili wa shirikisho la riadha la dunia akanolewa na kocha Petteri Piironen. Ndipo ikaja ile mita 92.72 ya Beijing, Agosti 2015, iliyompa ubingwa wa dunia na rekodi ya Afrika ambayo haijavunjwa hadi leo.

Mwaka uliofuata, kwenye Olimpiki ya Rio, Yego aliongoza tangu mrusho wake wa kwanza, mita 88.24. Katika raundi ya tano Mjerumani Thomas Röhler akafikisha 90.30 na dhahabu ikaondoka. Röhler ni mzaliwa wa Jena, mji ambao Ruth Fuchs aliuletea dhahabu mbili za Olimpiki za mkuki, 1972 na 1976. Hata rekodi ya dunia ya Železný, mita 98.48, iliwekwa hukohuko Jena mwaka 1996. Kijana wa pale anayetaka kurusha hahitaji kutafuta video. Röhler mwenyewe alianza na miruko mitatu, kocha Harro Schwuchow akamfanya bingwa wa mkuki.

Baadaye mgongo ulimzuia Röhler kwenda Tokyo kutetea taji. Ujerumani haikuingia kilio: Johannes Vetter alikwisha kuwa bingwa wa dunia 2017, na Mei 2025 Julian Weber naye akavuka mita 91. Kwetu Afrika Mashariki, aliyeingia fainali ya Paris 2024 alikuwa Yego yuleyule, akiwa na miaka 35, akamaliza wa tano. Nyuma yake yuko nani?

Yego ni askari polisi, na ajira hiyo ndiyo iliyomweka mchezoni miaka yote hii. Makao makuu ya polisi wetu yapo hapahapa Kacyiru, na tayari wana timu za soka na mpira wa mikono. Nchi iliyoandaa ubingwa wa dunia wa baiskeli Septemba 2025 haiwezi kushindwa na fimbo ya gramu 800. Intore, wachezaji wetu wa ngoma za jadi, hushika mkuki kila sherehe. Ajabu ni kwamba hatujawahi kuwauliza wanaweza kuufikisha wapi.

Naomba polisi na shirikisho la riadha waajiri kocha mmoja wa mirusho, wampe uwanja na vijana, wake kwa waume, kisha wamvumilie miaka minane bila kumdai medali.