Doris Burke na kiti cha mchambuzi: Tumpime kwa kazi, si kwa sauti

Kama wewe ni wale wa kukesha hadi saa tisa usiku kutazama fainali za NBA, bila shaka sauti ya Doris Burke unaijua. Mwaka 2024, Boston Celtics walipowanyuka Dallas Mavericks mechi 4-1, Burke aliketi na Mike Breen na JJ Redick kama mchambuzi. Hakuna mwanamke aliyewahi kufanya kazi hiyo kwenye runinga katika fainali za NBA kabla yake.

Kuanzia 2009 hadi 2019, fainali zilipofika tulimwona kando ya uwanja tu. Maikrofoni mkononi, maswali mawili kwa kocha, kisha kamera inarudi kwa wanaume mezani.

Tofauti ya kazi hizi mbili si ndogo. Wa kando anauliza kocha amewaambia nini wachezaji. Wa mezani anakueleza kwa nini mlinzi amechelewa kurudi na kosa limeanzia wapi. Wa kwanza anaonekana, wa pili anasikilizwa. Ile ya kuonekana wanawake hupewa bila neno. Hii ya kusikilizwa, weee!

Burke alirudi kwenye fainali za 2025, Oklahoma City Thunder wakiwashinda Indiana Pacers 4-3. Agosti mwaka huo, ESPN wakampa Tim Legler kiti chake katika kikosi cha kwanza. Burke alipata mkataba mpya, ila wa mechi nyingine.

Sisemi ESPN walikosea. Watangazaji hubadilishwa, na Legler mpira anaujua. Kinachoniudhi ni kelele za mitandaoni: ati hajacheza NBA, anajua nini?

Haya, Jeff Van Gundy naye alicheza NBA lini? Hakucheza, na alichambua fainali kwa zaidi ya mwongo mmoja. Utasema alikuwa kocha. Sawa. Burke naye aliongoza mashambulizi ya timu ya Providence College, akaondoka pale akishikilia rekodi ya asisti ya chuo, kisha akaingia utangazaji mwaka 1990. Zaidi ya miaka 30 anautazama mchezo huu kwa karibu. Hiyo nayo si shule?

Akikosea, mkosoe. Taja mechi, taja robo, sema alichokisoma vibaya. Lakini “sauti yake inaniboesha” si uchambuzi, jameni.

Na hili halikomei Marekani. Dada uliye chuoni na unayetamani kazi hii, ukipewa maikrofoni ya kando ya uwanja, ichukue. Ila usiogope kuuliza kiti cha mezani kitapatikana lini. Nasi makaka, siku tukisikia mwanamke akichambua mechi, tumpe angalau robo moja kabla ya kukimbilia rimoti.