Kishona nguo: chunguni sawa, kidondani hapana

Kishona nguo ni gugu linalojulikana na kila mkulima. Huota msimu wa mvua, hutoa maua madogo yenye manjano katikati, kisha mbegu nyembamba nyeusi zinazong'ang'ania nguo za kila apitaye. Asili yake ni Amerika, lakini leo limeenea katika mashamba yetu yote.

Majani yake machanga ni mboga nzuri. Yachume kabla ya kutoa maua, mbali na barabara na mahali palipopuliziwa dawa, yaoshe na uyapike. Hapo sina ugomvi nalo.

Ugomvi wangu ni kidondani. Mtu akijikata kwa jembe, huyatafuna majani au kuyafikicha kwa mikono yenye udongo, kisha hukamulia maji yake kwenye jeraha. Wapo hata wanaoweka majani yaliyopondwa kwenye kitovu cha mtoto mchanga. Wanaotetea desturi hii husema wataalamu wamepima na kuona kuwa gugu hili huua vijidudu. Ni kweli, maji yake yamejaribiwa katika maabara. Lakini dawa iliyotayarishwa maabara si sawa na jani lililotoka shambani na vumbi lake.

Katika udongo na mavi ya wanyama hukaa kijidudu cha pepopunda. Kikiingia kidondani, baada ya siku chache taya hukaza na mwili hukakamaa. Mtoto mchanga huacha kunyonya. Mwaka 2012 Tanzania ilithibitishwa kuwa imetokomeza pepopunda ya kina mama na watoto wachanga, maana yake wagonjwa ni chini ya 1 kwa kila watoto 1,000 wanaozaliwa hai katika kila wilaya. Sifa hiyo imeletwa na chanjo na uzazi safi. Kijidudu chenyewe bado kimo ardhini.

Kwa hiyo, ukiumia, kandamiza jeraha kwa kitambaa safi mpaka damu ikome. Lioshe kwa sabuni na maji safi mengi, lifunike, kisha nenda zahanati ukaulize kuhusu sindano ya pepopunda. Kitovu kiachwe kikavu, kisipakwe chochote ila dawa uliyopewa kituoni. Nawe mama mjamzito, usikose chanjo yako, kwani humkinga na mtoto.

Bibi zetu walitumia majani kwa kuwa zahanati ilikuwa mbali na chanjo haikuwapo. Sisi tunayo. Tusiwarudishe watoto wetu kwenye hatari ile.