Kamaliza Pokémon 150 "Peke Yake"? Kaka, Kwanza Mrudishie Mdogo Wako Squirtle Wake

Jamaa mmoja hivi, jina kapuni, aliyekulia Uingereza na mwenye wafuasi wa kutosha mtandaoni, katupia picha ya Game Boy yake ya utotoni. Kwenye kioo kinaonekana cheti cha kumaliza daftari la Pokédex kwenye Pokémon Red, viumbe wote 150. Chini yake kaandika kwamba aliwakamata wote peke yake, bila msaada wa mtu, na kwamba vijana wa sasa wa kuchezea gemu kwenye simu hawaliwezi hilo. Watu wakamwaga makopa na emoji za moto.

Halafu mdogo wake wa kike akaingia kwenye komenti. Hakutukana. Alimpongeza kaka yake vizuri tu, kisha akauliza kaswali kamoja: Squirtle wake anaendeleaje?

Hapo ndipo kilipoumana. Kaka mtu akajibu kwa kicheko, eti mambo ya utotoni hayo. Mashabiki wake wakamvaa binti: ana wivu, anatafuta kiki kupitia mgongo wa kaka yake, gemu ni gemu tu. Wengi waliotoa povu inaonekana hawajawahi kushika Pokémon Red hata siku moja, ndiyo maana wamechemka. Kwenye gemu hii hakuna kitu kinaitwa "peke yangu". Imetengenezwa hivyo makusudi.

Twende taratibu. Pokémon ilitoka Japani tarehe 27 Februari 1996 ikiwa kwenye kaseti mbili tofauti, Red na Green. Marekani ikafika 1998 kama Red na Blue, Ulaya 1999. Aliyeibuni, Satoshi Tajiri, alikuwa mtoto wa kukimbizana na wadudu kule Machida, pembeni ya Tokyo. Alipoona waya wa kuunganisha Game Boy mbili, akawaza mdudu akitambaa ndani ya ule waya kutoka mashine ya mtu mmoja kwenda ya mwenzake. Gemu nzima imesimama juu ya wazo hilo, na yeye na wenzake wa Game Freak waliihangaikia kama miaka sita.

Kwa hiyo viumbe wakagawanywa. Ukiwa na Red humpati Vulpix, Sandshrew, Meowth, Bellsprout, Magmar wala Pinsir, hata uzunguke kwenye majani mpaka betri zote nne ziishe. Hao wako Blue. Mwenye Blue naye hawapati akina Ekans, Growlithe na Scyther. Mwanzoni kabisa Profesa Oak anakupa kiumbe mmoja kati ya watatu, wale wawili ndiyo basi tena. Eevee unapewa mmoja tu, na ana njia tatu za kugeuka. Omanyte au Kabuto, chagua. Hitmonlee au Hitmonchan, chagua. Na Kadabra, Machoke, Graveler na Haunter hawafiki hatua yao ya mwisho mpaka wapite kwenye waya kwenda mashine ya mtu mwingine.

Piga hesabu. Mwenye Red anayecheza mwenyewe bila ujanja ujanja anaishia 124. Wanabaki 26. Hao 26 hata ukeshe mwaka mzima hawaji, mpaka utoe kwa mtu.

Na mtu mwenyewe wakati ule alikuwa na miaka minane, analala kitanda cha pili chumba hicho hicho, anacheza Blue.

Kwa maelezo ya binti, ambayo kaka mtu hajakanusha hata moja, mambo yalikwenda hivi. Kaka alichagua Charmander. Yeye akamchukua Squirtle kwa sababu alimpenda tu. Kaka akamwambia amtoe mapema kabla hajafika levo ya 16, maana akifika hapo anageuka Wartortle na nafasi ya Squirtle kwenye daftari la kaka inabaki tupu. Akamtoa. Ule waya haujui kupeana bure, ni mmoja kwa mmoja, kwa hiyo na yeye alipokea kitu. Alipokea Rattata wa levo ya 3.

Kwa wasiojua, Rattata ni panya. Wamejaa njia ya kwanza kabisa ya gemu kama kunguru wa Dar.

Na huyo panya ndiye aliyempigania binti mpaka mji wa Celadon, anakopatikana Eevee. Akamtoa Eevee pia. Kisha akahitajika Bulbasaur, na njia ilikuwa moja: binti aanze gemu upya. Kaseti ile inatunza safari moja tu. Ukianza mpya na kuihifadhi, ile ya zamani imekwenda na hairudi. Mtoto wa miaka minane akafuta wiki zake zote, akamkabidhi kaka yake Bulbasaur, akaanza tena kutembea mpaka Celadon kumfuata Eevee wa tatu. Ni sawa na kufuta simu yako nzima, picha na namba zote, ili mwenzio apate stika moja ya WhatsApp. Nani mjini hapa anakubali?

Kaka naye alitoa jasho, tusimnyime haki yake. Kule Safari Zone unalipa, unapewa mipira 30 na hatua 500, na silaha zako ni mawe na chambo. Chansey akitokea unaweza kumrushia mipira mitano na bado akakukimbia. Tauros hivyo hivyo. Porygon ananunuliwa kwa sarafu za kamari, na kwenye Red bei yake ni sarafu 9,999 (kwenye Blue ni 6,500, sijui waliwaonea nini watu wa Red). Mewtwo anajificha kwenye pango ambalo huingii mpaka umpige bingwa. Wale 124 ni wake halali, apigiwe makofi.

Lakini tuje kwenye wale wanne wa kupita kwenye waya, maana hapo ndipo kesi yenyewe ilipo. Ili kaka apate Alakazam, lazima Kadabra wake aende kwanza kwa dada. Anafika kule, anageuka, sasa ni mali ya dada. Hakuna sheria kwenye gemu inayomlazimisha kumrudisha. Angeweza kuchomoa waya na kwenda kulala. Binti akamrudisha Alakazam. Akamrudisha Machamp, Golem na Gengar. Wote wanne, mtoto wa miaka minane, mbele ya kaka ambaye kila siku anamwachia panya.

Na kaka yeye alirudisha nini?

Hili ndilo linalokera zaidi, maana kurudisha kulikuwa hakumpunguzii chochote. Daftari la Pokédex halisahau. Kiumbe akishaandikwa kuwa ulimpata, ameandikwa, hata ukimtoa dakika hiyo hiyo unabaki na alama yake. Angemlea Squirtle mpaka Wartortle, mpaka Blastoise, akajaza nafasi zote tatu, halafu akamrudishia mwenye naye akiwa mkubwa na mwenye nguvu. Cheti kingekuja vile vile. Hakufanya. Yule binti hajawahi kumwona Squirtle wake akiwa mkubwa mpaka alipomwona kwenye kioo cha kaka, kwa mbali, kwa ruhusa.

Wapo mashabiki wanaosema yote yangewezekana kwa njia nyingine. Kweli, vilikuwepo vifaa vya kuchakachulia. Kweli, yupo MissingNo., lile kosa la gemu linaloonekana ukiogelea pwani ya Cinnabar, la kukuzidishia vitu kwenye begi. Na mtu anaweza kununua Game Boy mbili, kaseti mbili na waya, akabadilishana na nafsi yake. Sawa. Huyo aseme alimaliza peke yake, na bili aonyeshe. Huyu wa kwetu alikuwa na mashine moja na mdogo wake.

Wengine wamemleta Mew, namba 151, eti bila huyo hata cheti hakihesabiki. Hapana. Mew alichomekwa dakika za mwisho na mtengenezaji mmoja wa gemu, na cheti hakimdai. Mwaka 1996 jarida la CoroCoro la Japani lilimtoa kwa watu 20 tu, walioomba wakazidi 78,000. Tusimtumie kupoteza maada.

Cheti chenyewe, kile anachokupa yule mtengenezaji wa gemu ndani ya jengo la Celadon, kina nafasi ya jina moja. Hapo lawama kidogo iwaendee waliokibuni: unatengenezaje gemu ya watu wawili halafu unatoa cheti cha mtu mmoja? Hata hivyo waliacha ushahidi sehemu nyingine. Kila kiumbe anabeba jina la mtu aliyempata mwanzo, na halifutiki kwa kubadilishana. Gemu yenyewe inajua huyu ni wa kupewa, ndiyo maana akikuzidi levo na beji zako ni chache anaweza kukugomea katikati ya pambano. Fungua ukurasa wa Blastoise kwenye ile kaseti ya kaka, jina la dada limekaa pale, herufi zisizozidi 7, tangu enzi hizo.

Wanaosema "ni gemu ya watoto tu, aachane nayo" wamwambie kwanza aliyeposti. Yeye ndiye aliyekuja kuchukua sifa zake hadharani, miaka yote hii baadaye. Kama gemu ni ndogo, na sifa zake ni ndogo. Kama sifa ni kubwa kiasi cha kuwadharau vijana wa simu, basi na deni ni kubwa.

Na muda haumsubiri. Ndani ya zile kaseti kuna kabetri kadogo kama ka saa, ndiko kanakotunza kila kitu. Kakizima, Blastoise, cheti na jina la dada vinaondoka siku moja. Kwa hiyo apige picha ya pili, ya ule ukurasa wa Blastoise, aiweke pale pale alipoiweka ya kwanza. Halafu atafute waya. Binti anasema upo, kwenye boksi la viatu kabatini kwa mama yao, pamoja na kaseti yake ya Blue. Na safari hii kaka ndiye apokee Rattata.