Kilima Kilichogeuka Chini



Nilipokuwa nikifundisha Kiingereza, niliwasomesha wanafunzi wangu hadithi ya mchungaji wa kondoo wa kusini mwa Uingereza, nikawataka watafsiri neno “downs”. Msichana mmoja akaandika “vilima”. Nikamwekea alama ya kosa kwa wino mwekundu, na pembeni nikaandika “mabondeni”. Nani asiyejua kuwa “down” ni chini? Akainuka, akauliza kwa adabu, “Mwalimu, mbona hao kondoo wanapanda kwenda huko?” Nikamwambia aketi.

Miaka ilipita ndipo kamusi iliponiumbua. Katika Kiingereza cha kale “dun”, lenye u ya kuvutwa, lilikuwa ni kilima hasa. Mtu aliyeteremka alisemwa amekwenda “of dune”, yaani kutoka kilimani. Kwa kutamkwa harakaharaka, kile kineno cha mbele kikasagika hata kikatoweka, likabaki jina tupu la kilima likibeba maana ya kule aelekeako mteremkaji. Hivyo kilima kikageuka kuwa chini! Chini yetu sisi ilitokana na nchi, kwa maana ya ardhi; nathubutu kusema kuwa tulipita njia iliyonyooka zaidi.

Hata hivyo, maana ya kwanza haikufa. North Downs na South Downs ni safu za vilima vya mawe ya chaki, vilivyovikwa majani mafupi yaliyolishwa kondoo kwa karne nyingi. Safu ya kwanza hukatikia baharini Dover, penye ile miamba meupe mashuhuri; ya pili huishia Beachy Head, mwamba wenye kimo cha meta 162. Neno limejificha pia katika majina ya miji: Swindon ni kilima cha nguruwe. (Usikimbilie London, msomaji, hiyo haimo katika ukoo huu.) Na mwaka 1827 Allan Cunningham alipoyaita malisho mapana ya Australia Darling Downs, neno lilikwisha kuegemea majani kuliko mwinuko.

Yule msichana sasa ni mama wa watoto wanne. Tulipokutana sokoni aliniamkia, nami nikamsimulia haya yote, nikamwomba radhi. Alicheka sana, kisha akaniuliza, “Basi, Mwalimu, ile maksi yangu nitaipata lini?”