Majeruhi Bila Daftari

Wahenga walisema kwamba mali bila daftari hupotea bila habari. Maneno hayo hupenda kusemwa na wafanyabiashara, lakini leo twataka kuyasema juu ya jambo lililo kubwa kuliko mali, nalo ni mikono, miguu na roho za wafanyakazi. Maana yupo mtu katika nchi yetu ambaye huumia kazini, hupelekwa hospitali, hutibiwa au hufa, kisha hupotea katika mahesabu ya taifa kana kwamba hakupata kuumia. Mtu huyo ni yule aliyeumizwa na chombo cha moto nje ya barabara: trekta shambani, pawatila katika majaruba ya mpunga, katapila mahali pa ujenzi, au pikipiki ya magurudumu manne huko mbugani.

Kila mwaka twasomewa idadi ya ajali za barabarani. Idadi hiyo hutoka kwa polisi wa usalama barabarani, nao hufanya kazi yao barabarani kama jina lao lisemavyo. Trekta likipinduka katikati ya shamba la mkonge, hakuna askari wa trafiki aliye karibu. Kibarua akianguka na kukanyagwa katika shamba la miwa, hakuna wa kupima alama za matairi. Basi mara nyingi mahali pa pekee ambapo ajali hiyo yaweza kuandikwa ni zahanati au hospitali. Na kama huko nako litaandikwa neno moja tu, "ajali", au maneno mawili, "amevunjika mguu", basi habari imekwisha. Maneno hayo yamtosha mganga atakayefunga plasta. Hayamtoshi mtu mwingine yeyote.

Wapo watakaodhani kwamba haya ni mambo ya makarani. Sivyo hata kidogo. Mataifa ya dunia yanayo orodha moja ya kuandikia maradhi, majeraha na vifo. Chanzo chake ni orodha ya sababu za vifo ambayo mtakwimu wa Kifaransa, Jacques Bertillon, aliitoa mjini Chicago mwaka 1893. Tangu mwaka 1948 orodha hiyo imekuwa chini ya Shirika la Afya Duniani. Toleo la 10 lilipitishwa mwaka 1990, na toleo la 11, lililopitishwa mwaka 2019, lilianza kazi rasmi tarehe 1 Januari 2022. Hapa twatumia namba za toleo la 10, ambazo bado zatumika katika nchi nyingi.

Hekima ya orodha hiyo ni kwamba majeruhi hupewa namba mbili, wala si moja. Namba ya kwanza huanza kwa herufi S au T, nayo hueleza jeraha lenyewe. S72 ni kuvunjika kwa mfupa wa paja. S82 ni kuvunjika kwa mguu chini ya goti. S06 ni jeraha la ndani ya kichwa. Namba ya pili hueleza kilichomwumiza. V84 ni chombo cha kilimo kama trekta; V85 ni chombo cha ujenzi; V86 ni chombo kilichoundwa kwenda mahali pasipo barabara, katika mchanga, matope, theluji au mawe. Namba ya kwanza humhudumia mgonjwa aliye kitandani. Namba ya pili humhudumia mwenzake ambaye bado yu mzima, atakayepanda chombo kile kile kesho asubuhi.

Tena orodha haikuishia hapo. Baada ya nukta huwekwa tarakimu ya kuonyesha majeruhi alikuwa nani na ajali ilikuwa wapi. Chini ya V84, tarakimu 5 ni dereva aliyeumia nje ya barabara ya umma. 6 ni abiria. Na 7 ni mtu aliyekuwa nje ya chombo, ameshikilia tu. Yule kibarua anayerudi kutoka shambani akiwa amekalia madigadi ya trekta, ambaye mwajiri hajawahi kumpa kiti, amepewa namba yake: V84.7. Watungaji wa orodha walijua kwamba yupo. Je, sisi twajua kwamba yupo?

Ipo na tarakimu nyingine ya nyongeza, ieleze mtu alikuwa akifanya nini alipoumia. Tarakimu 2 maana yake alikuwa katika kazi ya kulipwa. Ndugu msomaji, tarakimu hiyo moja ni ndogo kuliko punje ya mtama, lakini kwa mfanyakazi ina uzito mkubwa. Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya mwaka 2008 ilianzisha Mfuko wa kumlipa mtu aliyeumia au kuugua kwa sababu ya kazi yake. Anayedai haki katika Mfuko huo hana budi kuonyesha kwamba jeraha lilitokana na kazi. Maandishi ya siku ile ya kwanza, yaliyoandikwa kabla ya mtu yeyote kufikiria fedha, ni shahidi asiyenunulika. Kama yasema "dereva wa trekta, alipinduka nalo akilima shamba la mwajiri", yatasimama. Kama yasema "ajali", mwenye kutaka kukana atakuwa na nafasi ya kukana.

Na tusidhani kwamba neno pungufu halina madhara mengine. Kanuni ya orodha yasema kwamba ajali ya gari isiyotajwa mahali huhesabiwa kuwa imetokea katika barabara ya umma, ila zile zinazohusu vyombo vya nje ya barabara peke yake. Kwa hiyo mganga akiandika "ajali ya gari" na kunyamaza, ajali ya shambani itahamia barabarani, na shamba litaonekana kuwa mahali pa amani. Chombo chenyewe kisipojulikana, ajali hutupwa katika V89, chombo kisichojulikana. Na hata neno "trekta" peke yake halitoshi, maana trekta lililosimama likitengenezwa, likamkata fundi vidole, lina namba tofauti kabisa, W30. Fundi ahitaji kinga ya mashine. Dereva ahitaji kinga ya kupinduka. Asiyewatenganisha katika daftari hatawakinga wote wawili.

Nchi zilizohesabu zimeona faida. Uswidi iliamuru mwaka 1959 kwamba kila trekta jipya liwe na fremu ya chuma ya kumkinga dereva linapopinduka, na katika miaka iliyofuata vifo vya namna hiyo vilipungua mno. Marekani nako ziliuzwa kwa wingi pikipiki za magurudumu matatu zenye matairi manene, za kuchezea na za kazi za shamba, zilizopinduka upesi na kuwaumiza watu wengi, watoto wakiwa miongoni mwao. Tume ya serikali yenye kuangalia usalama wa bidhaa ilikuwa ikikusanya hesabu za majeruhi kutoka vyumba vya dharura vya hospitali zilizochaguliwa. Mwaka 1988 wauzaji wakubwa walikubali mbele ya mahakama kuacha kuuza pikipiki mpya za namna hiyo, na mwaka 2008 sheria ikapiga marufuku kuziingiza nchini humo na kuziuza. Haikuwa huruma peke yake iliyowafikisha hapo. Huruma ilikuwako tangu mwanzo. Kilichoipa nguvu ni hesabu iliyoonyesha ni chombo gani kiliumiza, kilimwumiza nani na kwa namna gani.

Itasemwa kwamba mganga wa zahanati, mwenye foleni ndefu mlangoni na muuguzi mmoja, hana wakati wa tarakimu. Hoja hiyo ni ya kweli na twaiheshimu. Lakini hakuna anayemwomba mganga ajue namba kwa moyo. Namba zitawekwa na mtunza kumbukumbu aliyefundishwa kazi hiyo, naye apewe mafunzo na heshima ya kazi hiyo, kwa kuwa leo mara nyingi huonekana kuwa mtu wa kupanga mafaili tu. Mganga aombwa sentensi moja yenye mambo manne: chombo gani, mahali gani, majeruhi alikuwa dereva au abiria au mtembea kwa miguu, na alikuwa akifanya nini. Sentensi hiyo haimalizi dakika moja. Mtunza kumbukumbu hodari hawezi kuibuni ikiwa haikuandikwa, na akiibuni atakuwa amesema uwongo.

Itasemwa tena kwamba wapo waajiri wasiopenda maandishi hayo, na wapo wasimamizi wanaomfikisha majeruhi hospitali wakimnong'oneza njiani aseme kwamba aliteleza. Kwa hao twasema waziwazi kwamba wanamwibia mtu mara mbili: kwanza afya yake, kisha ushahidi wake. Mficha maradhi kifo humuumbua, na shamba linaloficha majeruhi wake litakuja kuumbuliwa na makaburi. Mwajiri mwema hana sababu ya kuiogopa kalamu. Akijua kwamba watu watatu wameumia kwa kukalia madigadi, ataweka gari la kuwachukulia watu, na kazi yake itakwenda mbele.

Kwa hiyo wajibu umegawanyika. Viongozi wa matawi ya vyama vya wafanyakazi katika mashamba na machimbo wawafundishe wenzao mambo hayo manne, hata kila kibarua ayajue kama ajuavyo jina lake, na ampelekaye mwenzake hospitali ayaseme kwa mganga bila kuogopa. Waganga wakuu wa wilaya wayakague maandishi ya majeruhi kama wanavyokagua akiba ya dawa. Na wale wanaopanga mahesabu ya afya wasiridhike na jumla ya "ajali" iliyofungwa katika fungu moja, bali waulize: za chombo gani na za mahali gani?

Nchi yetu yataka trekta zaidi na pawatila zaidi, na ni haki ivitake, kwa kuwa jembe la mkono limechosha migongo ya wazee wetu vya kutosha. Lakini kila chombo kinachoingia shambani huingia na hatari yake, na hatari isiyohesabiwa haikingiki. Tunapohesabu magunia yaliyotoka shambani, tuwahesabu na watu waliotoka wakiwa wamebebwa.